Maswali na Majibu: Ugonjwa wa Kubuni Unaopishanisha Hisi

SWALI: Shikamoo Daktari. Ninaandika riwaya ya fantasia. Katika ufalme nilioubuni kuna ugonjwa uitwao Mpishano. Anayeupata husikia rangi, huona harufu, muziki humgusa ngozini, na maji baridi humchoma kama moto. Rafiki yangu muuguzi alisoma mswada akasema hauaminiki. Ningeweza kumjibu kwamba ni uchawi, yaishe, lakini nataka mganga wa kitabuni auchunguze kama ugonjwa wa kweli. Nirekebishe wapi?

JIBU: Marahaba. Kwanza nikutoe wasiwasi: dalili zako si ngeni kama unavyodhani, karibu kila moja ina ndugu yake wodini. Nadhani kinachomsumbua rafiki yako ni kwamba zimekuja zote kwa mpigo na hazina makao. Sisi tunaotibu neva, kabla ya kuuliza mgonjwa ana ugonjwa gani, huuliza hitilafu iko wapi. Kutoka kwenye ngozi au jicho hadi kwenye ubongo, hisi hupita vituo kadhaa, na kila kituo kikiharibika kina malalamiko yake. Chagua kituo kimoja, kisha uone dalili zipi zinabaki.

Mimi ningechagua thalamasi. Ni viungo viwili vyenye umbo la yai, kimoja kulia na kimoja kushoto, katikati kabisa ya ubongo. Taarifa za macho, masikio, ulimi na ngozi hupita hapo kabla ya kufika kwenye gamba la ubongo, yaani tabaka lake la nje. Kila hisi ina eneo lake humo, lakini maeneo hayo yamepakana mno.

Tuanze na baridi inayochoma. Mwaka 1906 madaktari wawili wa Ufaransa, Dejerine na Roussy, waliandika habari za wagonjwa walioumia thalamasi. Mara nyingi upande mmoja wa mwili hufa ganzi kwanza. Halafu, wiki au miezi baadaye, upande ule ule uliokufa ganzi huanza kuwaka. Mgonjwa mmoja niliyemhudumia alikuwa akivaa soksi ya sufu mkononi mchana kutwa. Tone la maji ya bomba likimdondokea kwenye vidole, aliurudisha mkono kama aliyeshika kaa la moto, na nikimwangalia ngozi sioni hata wekundu. Watu wa nyumbani walidhani anadeka. Hilo nakuomba uliandike, kwa sababu kutoaminiwa huwaumiza wagonjwa hawa karibu sawa na maumivu yenyewe.

Muziki unaogusa ngozi nao upo. Mwaka 2007 ilichapishwa taarifa ya mwanamke aliyepata kiharusi kidogo cha thalamasi, na baadaye akaanza kuhisi sauti mwilini. Haikumtokea siku ile ile. Ilikuja zaidi ya mwaka mmoja baada ya jeraha, na maelezo yanayokubalika ni kwamba ubongo ulipokuwa ukijiunga upya, nyuzi za sauti ziliingia eneo la mguso. Hapo umepata mwendo wa ugonjwa wako: ganzi, kisha moto, na mwisho ndipo hisi zinapishana. Kwenye mswada wako mtu analala mzima na kuamka anasikia rangi. Hapo hata mimi ningeweka kitabu chini.

Kuhusu rangi, geuza mwelekeo: asikie sauti ndipo aone rangi. Watu wenye sinesthesia, yaani hali ya hisi moja kuamsha nyingine, ambao wengi wao wako hivyo tangu utotoni na si wagonjwa, mara nyingi hupata mpishano wa mwelekeo mmoja tu. Sauti huleta rangi, lakini rangi ni nadra kuleta sauti.

Sasa harufu, na hapa ndipo ningekaa muda mrefu kama kitabu kingekuwa changu. Harufu haipiti njia hiyo. Neva zake hutoka juu ya pua na kuingia kwenye gamba la ubongo moja kwa moja, bila kusimama kwanza kwenye thalamasi. Kwa hiyo mgonjwa wa Mpishano hawezi kuona harufu, na ukimlazimisha aione, umeibomoa nyumba yote tuliyoijenga. Mwachie pua yake salama. Fikiria mama ambaye sauti ya mwanawe inamwagika machoni kama rangi na mkono wa mtoto unamchoma akiushika. Anainamisha uso kwenye utosi wa mtoto, ananusa, na hapo peke yake anamjua. Hiyo ndiyo hisi moja anayoweza kuiamini, na mganga makini ataitumia kujua ugonjwa umekaa wapi.

Kumbuka pia kwamba thalamasi ya kulia huhudumia upande wa kushoto wa mwili, na ya kushoto upande wa kulia. Ugonjwa uanze upande mmoja. Ukienea pande zote mbili usimwongezee mgonjwa rangi zaidi, kwa sababu thalamasi hushiriki pia katika kutuweka macho. Atasinzia, ataamshwa kwa shida, na mwishowe hataamshika.

Mganga wako hahitaji mashine. Amfunge mgonjwa macho, amguse mkono mmoja kwa kijiko kilichotoka kwenye maji baridi, kisha mwingine, na alinganishe. Ampe vitu vya kunusa, kimoja kimoja, kwa kila tundu la pua. Halafu apige kengele saba tofauti, aandike rangi ya kila moja, na arudie baada ya mwezi bila kumpa taarifa. Mwenye sinesthesia atataja rangi zile zile karibu zote, ilhali anayejifanya atakuwa amezisahau. Na ukurasa huo, mganga akiwa na kengele mkononi na karatasi ya mwezi uliopita mbele yake, ndio ningempa muuguzi wako asome kwanza.