Maswali yenu: South Tyrol walimalizanaje na Italia?

SWALI: Shikamoo mhariri, nimesikia kuna mkoa Italia watu wanaongea Kijerumani na zamani walilipua mabomu wakitaka kujitoa, sasa kimya, ilikuaje? Waliachiwa waende? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Marahaba mwanangu. Hawakuachiwa, bado wako Italia. South Tyrol ilikuwa ya dola ya Austria-Hungaria, dola ikavunjika baada ya Vita ya Kwanza ya Dunia, Italia ikapewa kwa mkataba wa 1919 na wenyeji hawakuulizwa. Akaja Mussolini, dikteta wa Italia, akapiga marufuku Kijerumani mashuleni, mpaka majina ya vijiji yakabadilishwa, hebu fikiria unaamka kijiji chenu kina jina jingine! 1946 Italia na Austria wakasaini makubaliano ya kuwapa wenyeji mamlaka ya kujiendesha ila utekelezaji ukasuasua, hasira zikapanda, Austria ikapeleka shauri Umoja wa Mataifa 1960, na Juni 1961 usiku mmoja nguzo kibao za umeme zikalipuliwa.

Kilichotuliza ni sheria ya 1972 ya mkoa kujiendesha. Ajira za serikali zinagawanywa kufuata idadi ya wanaoongea Kijerumani, Kiitaliano na Kiladini (lugha ndogo ya hukohuko milimani), na sehemu kubwa ya kodi inabaki hukohuko. Mie naona siri ni hiyo, hela na ajira, maana heshima ya lugha peke yake isingetosha. Na haikuwa chapchap, Austria ilitamka mgogoro umeisha 1992, miaka 20 baadaye. Kinachoniuma ni shule, za Kijerumani na za Kiitaliano ziko mbalimbali, watoto wanaweza wakakua majirani wasizoeane.