Muulize Bwana Shamba: Mawese ya mama na mafuta yanayokuja kwa meli

SWALI: Shikamoo mzee. Mama yangu anakamua mawese hapa Mwandiga, na mawese hayo ndiyo yanayonisomesha. Chuoni tunafundishwa kwamba utandawazi umepunguza umaskini, na mfano tunaopewa ni China, ambako karibu watu milioni 800 wametoka kwenye ufukara ndani ya miaka 40. Lakini mama akipeleka dumu sokoni anapangiwa bei, anaambiwa mafuta ya nje yamejaa. Huo utandawazi unamkomboa nani? Na je, nimshawishi akate michikichi yake ya zamani apande ya kisasa?
Mwanafunzi, Kigoma

JIBU: Marahaba mwanangu. Swali lako la kwanza ni la darasani na la pili ni la shambani. Mimi nimestaafu ubwana shamba, kwa hiyo nivumilie, yote mawili nitayajibu kwa mchikichi.

Asili ya mti huu ni Afrika Magharibi. Mwaka 1848 Waholanzi walipanda miche minne tu katika bustani ya Bogor, kisiwani Java. Leo Indonesia na Malaysia zinatoa zaidi ya asilimia 80 ya mawese yote duniani, na sisi tunaagiza kwao. Nikilisema hili kijiweni hapa Ujiji, lazima mtu apaze sauti kwamba tuliibiwa. Mti haukuibwa, upo nyuma ya nyumba yenu. Tazama walichokifanya wenzetu. Mwaka 1956 serikali ya Malaya, yaani Malaysia ya leo, iliunda shirika la FELDA, likawagawia watu wasio na ardhi mashamba ya ekari kama 10, mpira kwanza na michikichi baadaye, pamoja na mbegu, barabara na kiwanda cha jirani. Hicho kiwanda usikipite haraka. Mkungu ukishakatwa, asidi huanza kupanda kwenye mafuta, kwa hiyo unatakiwa ufike kiwandani ndani ya siku moja au mbili.

Sasa mwangalie mama. Anakata mikungu, anairundika na kuifunika siku kadhaa mpaka ngazi, yaani yale matunda yake, zilegee, maana kuzipukuchua zikiwa bado ngumu ni adhabu. Halafu pipa, kuni, moshi wa macho, na mashine ya kuzungusha kwa mkono. Yanayotoka ni mafuta mazuri kwa samaki wetu migebuka, na hapo sibishani na mtu. Ila asidi imeshapanda, na kiwanda cha kusafisha mafuta kikiyataka kitayataka kwa bei ya kutupa. Soko lake linabaki jikoni, kwa watengeneza sabuni na kwa wachuuzi wanaovusha kwenda Kongo na Burundi. Mwenye lori anajua hana pa kwenda kwingine, ndiyo maana anampangia.

Serikali ilijaribu ushuru: bajeti ya 2018/19 iliupandisha kwa mawese ghafi ya nje kutoka asilimia 10 hadi 25, na kwa yaliyosafishwa hadi 35. Unasaidia kidogo, lakini mama lishe anayekaanga chapati Tabora naye ni maskini, na ushuru huo anaulipa yeye.

Nikupe kipimo kingine. Februari 2022 vita vya Ukraine vilikwamisha mafuta ya alizeti, kisha Indonesia ikazuia mawese yake kutoka nje ya nchi kuanzia tarehe 28 Aprili hadi 23 Mei. Bei ya mafuta ya kula ikapaa. Kwa hesabu ya mhadhiri wako, huo ulikuwa msimu wa mama. Muulize aliuza lini. Mtu anayedaiwa ada huuza siku anayokamua, na bei ikipanda wiki mbili baadaye inamkuta mwenye ghala. Kwa hiyo mimi simlaumu wa Malaysia. Nalaumu kwamba hapa tunazungumzia hekta za michikichi kuliko tunavyozungumzia viwanda vidogo vya kijijini na vyama vinavyoweza kumkopesha mama asiuze kwa pupa.

Kuhusu miti: asikate yote. Mingi ya zamani ni ya aina ya Dura, kokwa nene na nyama kidogo. Tenera, ndiyo hiyo ya kisasa, ina kokwa jembamba na mafuta yake ni zaidi ya mara mbili kwa hekta, na miche inapatikana kituo cha utafiti wa kilimo cha TARI Kihinga, hapohapo wilayani kwenu, tangu Waziri Mkuu wa wakati huo, Majaliwa, alipolivalia njuga zao hili mwaka 2018. Lakini huanza kuzaa mwaka wa tatu hivi. Ada yako ya miaka hiyo itatoka wapi? Mwanzishieni kipande kimoja, katikati mpande maharage na mihogo mpaka kivuli kifunge.

Na msiokote mbegu chini ya Tenera. Watoto wake hawamfuati: karibu nusu tu huwa Tenera, robo hurudi Dura, na robo huwa Pisifera, ambayo mara nyingi haizai matunda. Jirani akiwapa miche ya bure aliyoiotesha mwenyewe, mshukuruni sana, kisha mkapande ya Kihinga.