Swali la Lugha: Mdai anayedaiwa

SWALI: Nilinunua nyumba kwa shilingi milioni 60, nikalipa milioni 45. Muuzaji akagoma kunikabidhi, nikafungua shauri katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Sasa tumeelewana: nimalizie salio, naye anipe nyumba. Rasimu inasema: “Wadaawa wamesuluhishwa. Mdai atajitahidi kumlipa mdaiwa fedha yake na nyumba itakuwa yake. Shauri liondolewe.” Mbona naitwa mdai wakati ninayedaiwa ni mimi? Na suluhu si kutoka bila mshindi? — Msomaji, Morogoro

JIBU: Mtaani mdai ni mwenye deni lake mkononi mwa mtu, na mdaiwa ndiye anayekwepa kupita dukani. Katika shauri la madai maneno hayo hayaangalii nani ana deni. Mdai ni aliyefungua shauri, mdaiwa ni aliyeitwa kujibu, wote wawili kwa pamoja ni wadaawa, na majina hayo hayabadiliki hadi shauri liishe. Wewe ulikwenda kudai nyumba, kwa hiyo ni mdai, hata kama milioni 15 za mwenzako bado ziko kwako. Rasimu haijakosea hapo. Ila kwa kuwa wanaoisoma ni watu wa kawaida, ifungue kwa kueleza mara moja: mdai (mnunuzi), mdaiwa (muuzaji).

Kinachonitia wasiwasi ni “yake”. Neno hilo humfaa mtu yeyote wa nafsi ya tatu, na hapa watu ni wawili. “Nyumba itakuwa yake”: ya nani? Ninyi mnajua leo, lakini karatasi hiyo inaweza kusomwa na mrithi wa mmoja wenu ambaye hakuwepo. Katika hati ya namna hii rudia jina bila kuona haya. Urudiaji unaochosha katika hadithi ndio unaolinda nyumba yako hapa.

“Wamesuluhishwa” ni sahihi ikiwa yupo aliyewapatanisha, maana kazi yake ndiyo usuluhishi. Kama mlikaa wenyewe mkaelewana, andikeni “wamefikia suluhu”. Kuhusu mshindi, hayo ni ya mpira, ambako timu zisizofungana husemwa zimetoka suluhu. Kwenye mashauri, suluhu ni mapatano, na kila upande huweza kuondoka na kitu.

“Atajitahidi” lifuteni kabisa. Anayejitahidi asifanikiwe hajavunja ahadi yoyote. Semeni “atalipa”, kisha tajeni kiasi na muda.

Nalo “shauri liondolewe” ndilo neno la hatari kuliko yote. Kuondoa shauri ni kulitoa tu mbele ya Baraza. Mapatano yenu yanabaki karatasi ya watu wawili. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, ambayo mabaraza huifuata pale kanuni zao zisipojitosheleza, inasema katika Amri ya XXIII, Kanuni ya 3, kwamba mapatano halali yakithibitishwa, yaandikwe na hukumu itolewe kuyafuata. Hapo mmoja akikaidi, mwenzake anaomba kukaza hukumu, yaani itekelezwe kwa nguvu ya sheria, haanzi shauri jipya. Fahamu pia kwamba hukumu iliyotolewa kwa ridhaa ya pande zote haikatiwi rufaa, ndiyo maana kila neno lipimwe kabla ya kusaini.

Mimi ningeandika hivi, kisha ningempa wakili au karani wa Baraza aipitie:

“Wadaawa wamefikia suluhu. Mdai (mnunuzi) atamlipa mdaiwa (muuzaji) salio la shilingi 15,000,000 ndani ya siku 60 tangu tarehe ya hukumu. Siku ya malipo hayo, mdaiwa atamkabidhi mdai nyumba, funguo zote na hati miliki. Wadaawa wanaomba makubaliano haya yaandikwe na yawe hukumu ya Baraza.”

Siku 60 nimeziweka kwa mfano. Wekeni muda mliokubaliana.