Kabla hujagusa kinanda, sikiliza friji

Filamu fupi ya kwanza niliyoitungia muziki ilinirudia mara tatu. Mwongozaji alikuwa na sababu moja tu: "Pale jikoni kuna kitu kinanisumbua." Kitu gani? Hata yeye hakijui. Sini yenyewe, yaani kipande hicho cha filamu, ni mama na bintiye, usiku, hawasemezani. Mimi nilikuwa nimewatandikia noti moja nzito ya besi, nikijiona fundi.

Usiku wa tatu nilizima muziki wangu wote, nikasikiliza sini ikiwa tupu. Kumbe friji! Ilikuwa ikivuma mwanzo hadi mwisho na sikuwahi kuisikia. Umeme wa pale waliporekodi ulikuwa wa hezi 50 (mitikisiko 50 kwa sekunde), na mvumo wa friji ulikaa hapohapo. Noti yangu ilikuwa karibu na 52. Sauti mbili zikikaribiana kiasi hicho haziungani, zinasukumana: wa-wa, wa-wa, kama mara mbili kila sekunde. Nikaishusha yangu hadi 50 kamili, ikatulia. Mwongozaji alipoisikia aliniuliza kwa nini nimefuta muziki wa jikoni. Nikaunyamazisha mbele yake, akashtuka.

Tangu siku ile, kitu cha kwanza ninachoomba ni sauti za sini zenyewe: maongezi, upepo, feni, barabara. Mara nyingi mhariri huwa ameshabandika muziki wa kuazima ili picha zisipooze. Mwombe autoe kabla hujautazama. Ukishauzoea, utajikuta unauiga tu, tena vibaya.

Waigizaji wakizungumza, waachie nafasi. Konsonanti, zinazofanya neno lieleweke, nyingi zinaishi kati ya hezi 1,000 na 4,000, na hapohapo ndipo violini inapopenda kulia. Kupunguza sauti ya muziki mzima hakusaidii sana. Ondoa ala inayogombania sehemu hiyo, au isubiri mtu amalize kusema. Na muziki usiingie na sentensi yenye uchungu. Uingize mapema, taratibu, mtu asijue umeanza lini, kisha uukate mlango unapofungwa.

Kuhusu vifaa, sina mengi. Sauti ninayoitumia kuliko zote ni kijiko kikigonga ukingo wa glasi, nimekirekodi kwa simu na kukipunguza kasi kwa nusu. Kinashuka oktavu nzima (noti ileile, ila nzito zaidi) na kuwa kama kengele ya mbali. Hakijanigharimu chochote, na hakuna mwenzangu mwenye sauti hiyo.

Halafu faili. Video hutumia sampuli (vipimo vidogo vya sauti) 48,000 kwa sekunde, si 44,100 za CD. Niliwahi kupeleka za CD, kompyuta ya mhariri ikazisoma kama 48,000: muziki ukapanda zaidi ya nusu toni (hatua moja ya kinanda) na kuisha kabla sini ya mazishi haijaisha. Programu nyingi siku hizi hurekebisha zenyewe. Mimi bado nauliza kwanza.