Kuacha kulima peke yake hakuponyi udongo uliochoka

Mkuu, umesema umeacha kutifua shamba kwa misimu miwili, lakini udongo umezidi kuwa mgumu, maji ya mvua yanakimbia juu, na mahindi yametoka na majani ya njano. Kosa ni kwamba jembe umeliacha, ila udongo umeuacha uchi. Kutotifua bila kufunika ni kubaya kuliko kulima, kwa sababu matone ya mvua yanapiga udongo mtupu, chembe laini zinaziba vitundu, na jua likiwaka juu panaganda ukoko. Jembe angalau lilikuwa linauvunja ukoko huo.

Kabla ya kununua chochote, pima. Siku moja au mbili baada ya mvua, chukua nondo nyembamba uisukume ardhini kwa mkono sehemu kumi hivi. Ikigoma kwenye kina kilekile kila mahali, mara nyingi sentimita 15 hadi 20, hapo pana tabaka gumu lililojengwa na jembe kupita kina kimoja miaka nenda rudi. Ng'oa na mhindi mmoja taratibu. Ukikuta mizizi imeshuka kidogo kisha ikapinda kutambaa ubavuni, umepata jibu.

Kisha kopo lenye kipenyo cha sentimita 15, lililokatwa kitako. Ligongee ardhini sentimita 7, mimina mililita 440 za maji, yaache yazame. Hayo ya kwanza ni ya kulowesha tu. Mimina mengine kiasi hichohicho, sasa tazama saa. Kiasi hicho ni sawa na mvua ya milimita 25. Yakichukua zaidi ya saa nzima kuzama, mvua ya milimita 25 kwa saa haiwezi kuingia yote shambani mwako. Andika dakika hizo, utazihitaji.

Tabaka gumu livunje mara moja, wakati wa kiangazi, udongo ukiwa mkavu. Udongo ukiwa na maji haupasuki, unajipaka kama sabuni na kuziba upya. Kwa trekta au ng'ombe, chana mistari ya kupandia tu, ukipita sentimita 5 chini ya tabaka. Kwa jembe la mkono, chimba mashimo ya urefu wa sentimita 30, upana 15, kina 20 au hadi upite tabaka, na msimu ujao rudi kwenye mashimo yaleyale. Ukishavunja, weka mizizi haraka: panda mbaazi, au marejea (mmea wa jamii ya mikunde wa kurutubisha udongo). Ufa usiopata mizizi hujifunga baada ya mvua chache kubwa.

Matandazo: nusu kilo ya masalia makavu ya mazao kwa kila mita ya mraba, yaani tani 5 kwa hekta. Yapime kwa mzani mara moja jicho lizoee, maana watu wengi hutandaza robo ya hapo wakadhani wamefunika. Mifugo ikiingia baada ya mavuno, kazi yote imeliwa. Ua au makubaliano na wenye mifugo yanatangulia mbegu.

Hiyo njano sasa. Mabua ya mahindi yana kaboni kama 60 kwa naitrojeni 1, na vijidudu wanaoyaozesha wanataka mlo wa kama 24 kwa 1. Pengo wanalijaza kwa naitrojeni ya udongo, mmea unabaki na njaa. Usichanganye mabua na udongo, yaache juu. Mbolea ya kupandia iwe na naitrojeni, na urea ifukie sentimita 5, kwa kuwa ikibaki juu ya matandazo sehemu yake hupotea hewani kama amonia. Marejea au fiwi (nayo ni mikunde), ukiyafyeka yakianza kutoa maua, huoza haraka na kurudisha naitrojeni. Ukisubiri yakomae, mabua yanakuwa miti na mbegu zinakuwa magugu.

Kuhusu chupa za "vijidudu vya kuamsha udongo" ulizoulizia, piga hesabu. Sentimita 15 za juu za hekta moja zina uzito wa kama tani 2,000. Kuongeza mboji, yaani masalia yaliyokwisha kuoza ndani ya udongo, kwa asilimia 1 ni tani 20, na masalia mengi hugeuka hewa ya ukaa. Yanayobaki ni kama sehemu moja katika kumi, au mbili ukibahatika. Unahitaji tani 100 hadi 200 za masalia, kidogokidogo kwa miaka. Chupa ya lita moja inaleta nini hapo?

Pima pia pH, yaani kipimo cha uchachu wa udongo. Ikiwa chini ya 5.5, aluminiamu iliyomo udongoni huanza kudumaza mizizi, na hata mikunde itakuangusha. Chokaa kwanza, kwa kipimo cha maabara. Palizi itaongezeka misimu miwili ya mwanzo, kwa hiyo anza na robo ya shamba unayoweza kuimudu. Acha ukanda mmoja ulimwe kama zamani, na mwakani, mwezi huuhuu, rudi na lile kopo pande zote mbili.