Usifute faili za DLL
Ndugu, umeuliza kama unaweza kuzifuta faili zinazoishia na .dll ili upate nafasi kwenye diski. Nakusihi usifanye hivyo. Kila moja ni maktaba ya maelekezo ambayo programu nyingi huweza kuyatumia kwa pamoja, bila kila programu kubeba nakala yake. Tazama user32.dll, iliyomo katika System32, folda ya mfumo wa Windows: hiyo ndiyo inayoshughulikia madirisha na vitufe unavyobofya. Ukiambiwa faili fulani haipatikani, usiipakue kwenye tovuti usiyoijua, kwani huenda ikaja na virusi. Sakinisha upya programu iliyogoma kufunguka, na ikiwa iliyoharibika ni ya Windows yenyewe, fungua dirisha la amri (Command Prompt) kama msimamizi, uandike sfc /scannow, amri inayokagua na kurekebisha faili za mfumo, kisha usubiri ukaguzi ufike asilimia 100.