Coutard "bila taa": hadithi inayowaharibia watu picha

SWALI: Napiga filamu fupi ya ndani ya nyumba, usiku. Mwalimu wa kozi ya mtandaoni alituambia Raoul Coutard, mpigapicha wa sinema Mfaransa, alipiga À bout de souffle ya mwongozaji Jean-Luc Godard bila taa, hivyo tupandishe ISO (wepesi wa kamera kunasa mwanga) hadi 12800, kamera mkononi, kisha tununue furushi lake la rangi za "sinema ya Kifaransa" za kubandika kwenye kompyuta. Picha zangu zimejaa chengachenga na nyuso hazionekani vizuri. Nizirekebisheje kwenye kompyuta?

JIBU: Hazirekebishiki, ndugu yangu. Rudia kupiga. Elekeza taa moja yenye nguvu kwenye dari jeupe (kama juu ni bati, tandaza shuka), shusha ISO hadi 800 au 1600, na shata (muda ambao kamera hupokea mwanga) iwe 1/50 ya sekunde ili taa za umeme wa nyumbani zisipepese.

Sasa hilo la "bila taa", ambalo naletewa kila mara. Coutard alipoanza kazi na Godard mwaka 1959 alikuwa ameshapitia maabara ya picha na kukaa Indochina (Vietnam na jirani zake) miaka 11, akipiga picha za vita. Kwa matukio ya usiku ya À bout de souffle walichukua Ilford HPS, filamu ya kamera za picha za mnato. Ilipatikana kwa vipande vya mita 17.5, yaani sekunde 38 hivi za sinema, ikabidi viunganishwe kimoja baada ya kingine. Matundu yake ya pembeni hayakukubali kila kamera, wakatumia kamera ya Cameflex, ambayo kelele zake zilifanya mazungumzo yarekodiwe baadaye. Maabara nayo iliombwa iisafishe kwa namna ya pekee ili inase mwanga hafifu zaidi. Huyo mwalimu wako anaijua hata nusu ya kazi hiyo?

Tena taa alitumia. Katika Le Petit Soldat, sinema nyingine ya Godard iliyopigwa mwaka 1960, alimulika dari ili mwanga urudi chini umelainika na waigizaji watembee popote bila kutoka gizani. Ndiyo hiyo niliyokuandikia hapo juu.

Na hizo rangi ni zipi? À bout de souffle ni nyeusi na nyeupe! Mwaka 1963 Coutard huyohuyo alipiga Le Mépris kwa rangi, skrini pana, jua la kisiwa cha Capri, Italia. Kisha akapiga Z ya mwongozaji Costa-Gavras, iliyotoka mwaka 1969, na hazifanani hata kidogo. Mtu mmoja, sura tatu, halafu anatokea muuzaji na kitufe kimoja.

Wauzaji hawa wamejaa kila kona, leo Coutard, kesho jina jingine. Kabla hujamlipa yeyote, mwombe akuonyeshe chumba alichokiwekea taa mwenyewe, na picha yake kabla haijaguswa kwenye kompyuta. Akianza kukutajia majina ya wakubwa badala ya kukuonyesha, shika mfuko wako.